Tonge la Alhamisi

Mimi si mtu wa kushangazwa. Nimebeba mizigo ya wazungu kutoka pwani hadi Mahenge mara nne kwa mabega haya haya. Nimemwona simba akimtoa mtu hemani kama paka anavyotoa panya. Mwaka wa vita vya Maji Maji nililala kwenye matete, nikasikia bunduki ya bombomu ya Wajerumani ikipiga bomani mfululizo, na watu waliopakwa dawa ya maji wakianguka kama mabua. Nilipotoka kwenye matete nilijiambia: basi wewe umeshaona yote, kilichobaki ni kuishi na kupata mali. Na mali nikapata. Anayebisha aulize Ifakara yote.

Nasema kwa kujisifu, ndiyo. Nani mwingine atanisifia? Sikusoma. Herufi nilijifunza kwenye maandishi ya magunia ya boma, na hesabu nilijifunza kwa kuibiwa. Nilianza na mtumbwi wa kukodi, nikafikisha mitatu yangu mwenyewe, na enzi ile ya Mjerumani mimi ndiye niliyepeleka mchele Mahenge wa kulisha askari. Magunia thelathini kila kiangazi, na mchele safi, si mpunga. Mjumbe wa akida alikuwa ananipisha njiani.

Lakini shamba la kutoa magunia thelathini halivunwi na nyumba moja. Wakati ule hukuajiri mtu, ulipika pombe. Mke analoweka mtama, anapika mitungi saba, nane, unatangaza. Alfajiri watu wanafika na visu vyao, wanavuna, jua likishageuka wanakunywa, mpunga uko ghalani na kila mtu anarudi kwake akiimba. Bila pombe, hata ndugu yako wa tumbo moja atakuambia mgongo unamuuma. Na pombe ya mke wangu ilikuwa na sifa mpaka ng'ambo, Lupiro. Watu walivuka mto wenye viboko kuja kunivunia kwa ajili ya mkono wa mwanamke yule.

Tulikuwa na mtoto mmoja, wa kike. Njaa iliyofuata vita ilimchukua. Wajerumani walikuwa wamechoma maghala, tukawa tunakula mizizi, na siku aliyokufa mimi nilikuwa mtoni na mtumbwi natafuta chakula cha kubadilishana. Niliporudi, siku ya tano, kaburi lilikuwa limeshaota majani machanga. Waliolichimba walikuwa wanawake. Wanaume tulikuwa wapi? Waliokufa walikufa, waliokimbia walikimbia, na wengine kama mimi tulikuwa tunatafuta. Aliyewaongoza alikuwa mjane mmoja mtu mzima, ambaye mumewe alikwenda Mahenge amepakwa maji na hakurudi. Mjane yule alikuwa wa kanisa la Waprotestanti. Tangu siku ile mke wangu akawa mtu wake.

Upande wetu watu wengi walikuwa wa mapadre. Waprotestanti walikuwa wachache. Misheni yao ilikuwa juu milimani, siku nyingi za mwendo, na mchungaji wao Mjerumani aliweza kushuka mara moja tu kwa mwaka, mafuriko ya bonde yakishakauka. Alikuwa ametuachia mwalimu, kijana wa milimani aliyeogopa mto, mamba na mbu, na ambaye nusu ya mwaka alikuwa kitandani na homa. Kwa hiyo kanisa lilikuwa wanawake. Wao walikata matete na kuliezeka. Wao walizika, walifundisha nyimbo, walibeba masanduku ya mchungaji kutoka kivukoni. Kwenye kitabu cha kanisa waliandikwa wazee saba, wote wanaume. Mimi nilikuwa nacheka, maana wawili kati yao nilikuwa nawanywesha mwenyewe nyuma ya ghala.

Walikuwa na desturi moja ambayo sijaikuta mahali pengine. Mchungaji alipokuja kuwapa Chakula cha Bwana siku ya Jumapili, Alhamisi iliyotangulia wanawake wote walikaa uani kwa yule mjane. Mjane alimwuliza kila mmoja: "Una neno na mtu?" Mwenye neno hakukaribia meza ya Bwana mpaka alimalize. Alipika wali kidogo, akauacha upoe, akaufunga kwenye jani la mgomba, akaenda na wenzake wawili kwa yule aliyegombana naye. Akampa tonge mkononi. Yule akilila, neno limekwisha. Asipolila, neno bado lipo, na mwanamke atakaa nje Jumapili.

Zamani kwetu watu wakipatana walipuliziana maji. Baada ya vita, misheni hawakutaka kusikia habari ya maji yoyote isipokuwa ya ubatizo, na boma lilimtazama vibaya kila aliyeshika kibuyu. Wale wanawake wakaondoa maji wakaweka tonge. Hawakumwuliza mzungu. Watu wa mapadre waliwatania: "Sisi dhambi tunamnong'oneza padre, ninyi mnazipikia wali!"

Mwaka aliobatizwa mke wangu, mpunga ulipoanza kuinamisha vichwa, nilimwambia, "Mama, loweka mtama."

"Siloweki, bwana."

"Unaumwa?"

"Siumwi. Kule tumekatazwa pombe."

"Kule ni wapi? Kwako ni hapa."

"Nitavuna mwenyewe. Nitaamka kabla ya ndege."

"Wewe na nani? Na Mungu?"

"Na mikono yangu."

Alivuna, siwezi kusema uongo. Alivuna mpaka vidole vikapasuka, na mimi nikavuna pembeni yake nikinuna. Lakini ndege wa kwelea wakaja. Wakatua jioni moja kama wingu, na walipoinuka karibu nusu ya shamba ilikuwa mabua matupu. Nilitangaza kazi kwa malipo ya chumvi, watu wakanicheka. "Chumvi tutainywa?" wakasema.

Alhamisi ya mwaka ule mke wangu alikuja na wenzake wawili hadi barazani kwangu, yaani barazani kwake mwenyewe, akasimama kama mgeni. Akafungua jani.

"Bwana, una neno na mimi. Nimekuja tulimalize."

"Pika pombe," nikasema, "nitakula chungu kizima."

Mmoja wa wale wenzake akasema, "Shemeji, hapa hatukuja sokoni."

"Basi nendeni. Sili."

Alisimama na tonge kiganjani mpaka likaanza kukauka. Kisha akalirudisha kwenye jani akalifunga taratibu, na Jumapili akakaa nje ya kanisa, ameegemea ukuta wa matete, wenzake wakiwa ndani wanaimba. Nilikwenda kutazama. Nilisimama mbali kidogo, kanzu yangu mpya mwilini, nikaona nimeshinda.

Hapo ndipo nilipotambua nimeshika kitu gani. Mume mwingine angeshika fimbo. Mimi mpaka leo najivunia kwamba sikumpiga hata siku moja. Sikuwa na haja. Nilikuwa nimepata kamba ndefu kuliko fimbo yoyote, na waliyoisuka ni wao wenyewe. Kinywa changu kikibaki kimefungwa, yeye anabaki nje, na mchungaji hatapita tena mpaka mwaka mwingine.

Mwaka ule bomani nilipeleka magunia kumi na sita. Karani akanitukana mbele ya wapagazi wangu, akaniita mwongo. Tusi lile nililibeba kutoka Mahenge hadi Ifakara na kulitua mlangoni kwa mke wangu.

Tukakaa mwaka mzima hivyo. Maji ya kuoga yalikuwa tayari, ugali ulikuwa wa moto, nguo zilikuwa safi. Maneno ndiyo hayakuwepo. Kumbe kule kwao kuna jambo lilikuwa linapikwa. Macho ya mjane yalikuwa yanazima. Alikuwa anamshika mtu uso kwa vidole ndipo amtambue. Wanawake walikuwa wamekwisha kubaliana kwamba atakayekaa mahali pake, auguze, azike, aulize lile swali la Alhamisi, ni mke wangu. Lakini aliyefungiwa nje ya meza hawezi kuwaingiza wengine. Kwa hiyo walikuwa wananingoja mimi. Kanisa zima lilikuwa linangoja kinywa cha mtu asiyebatizwa. Mtu akuambie hilo halikunipendeza, anakudanganya. Lilinipendeza sana.

Mpunga ukaiva tena. Asubuhi moja niliamka nikasikia nyimbo shambani. Nikachukua mkuki nikidhani ni wezi. Nikakuta wanawake, arobaini kwa kukadiria, wamepanga mstari toka kichuguu hadi kijito, visu mikononi, watoto mgongoni, wanavuna shamba langu. Mjane kipofu alikuwa amekaa kwenye tuta anafunga miganda kwa kupapasa. Mke wangu alikuwa katikati.

"Nani amewaita?" nikauliza.

"Hatukuitwa, baba," mjane akajibu. "Endelea kulala."

Siku nne. Bila pombe, bila chumvi, walikula viazi walivyokuja navyo. Hata suke moja hawakuondoka nalo. Ghala likajaa mpaka nikaweka mpunga mwingine ndani ya nyumba.

Jioni ya siku ya nne nilishuka kivukoni. Mpiga kafi wangu wa siku nyingi, mtu niliyemtoa kwenye shida, alikuwa amekaa na wenzake.

"Bwana mkubwa!" akaita. "Nasikia umeolewa na wake arobaini!"

"Funga mdomo wako."

"Si ubaya, bwana. Ila tuambie, wewe uliwapikia nini? Au ulikaa nyumbani unalea?"

Walicheka mpaka mmoja akadondosha kafi mtoni. Mimi ambaye watu walinipisha njiani nikarudi nyumbani nasikia kicheko kile mgongoni kama jua.

Alhamisi mke wangu akaja. Wenzake wawili, jani la mgomba, kila kitu kama mwaka uliopita, ila safari hii mjane mwenyewe aliongozwa kwa mkono.

Mke wangu akasema, "Neno lako lilikuwa mpunga. Mpunga uko ghalani. Kula, bwana, yaishe."

Alikuwa amekonda. Nilitaka kula. Naliandika hili kwa sababu sijamwambia mtu. Mate yalinijaa kinywani kama mtoto. Lakini nikawaza: nikila, kesho atakuwa mzee wa wanawake, atatoka alfajiri kwa wagonjwa na kurudi usiku kutoka makaburini, na mimi nitamshika kwa lipi? Na kivukoni watasema wanawake wamemlisha.

"Sili," nikasema.

Mjane akageuzia uso sauti yangu. "Una neno gani lililobaki, baba?"

"Neno langu nalijua mwenyewe."

Jumamosi mchungaji alikuja nyumbani kwangu. Mzungu mrefu, ndevu nyeupe, Kiswahili chake kigumu lakini kinaeleweka. Nilimpa kiti changu cha kukunja. Alikuwa ameshasikia yote kutoka kwa mwalimu. Akakuna ndevu akasema jambo la tonge halimo kitabuni, wamelitunga wanawake, lakini ni jambo jema. Na mume ni kichwa cha mke. Mke asiyepatana na mumewe hawezi kukaribia meza, hata yeye mwenyewe mchungaji asingemruhusu. Kisha akaniomba nisamehe. Nikamwambia nitafikiri. Akanishukuru! Mjerumani, mmoja wa watu waliozoea kutuamuru kwa kiboko, akanishukuru barazani kwangu kwa kumwambia nitafikiri. Nilimsindikiza hadi njia kuu nikijiona nina urefu kama wake.

Kesho yake nikavaa, nikaenda kusimama mahali pangu nje ya kanisa. Kengele ikapigwa, kile kipande cha chuma walichokitundika. Mke wangu akaja akakaa ukutani, mahali pake pa mwaka jana. Wazee saba wakapita, wakaingia. Mwalimu akaingia. Halafu wanawake wakaanza kufika, na wa kwanza alikuwa mjane, ameshika bega la mjukuu wake wa kike. Alipofika mlangoni hakuingia. Alipapasa ukuta mpaka akaufikia mguu wa mke wangu, akakaa chini kando yake.

Wa pili akakaa. Wa tatu akakaa. Kila aliyekuja alikaa. Hakuna aliyelia, walikunja miguu tu wakafunika magoti kwa kaniki zao. Ukuta ukaisha, wakakaa kwenye jua. Ndani nilisikia mwalimu akianzisha wimbo, sauti nane za kiume zikajikokota hadi ubeti wa pili, zikafa. Zile nyimbo wanaume hawakuzijua. Hawakuwahi kuhitaji kuzijua.

Nimesema sishangazwi. Siku ile miguu yangu ilikuwa baridi juani.

Mchungaji akatoka na joho lake jeusi, jasho linamtiririka. Akawatazama. "Kwa nini hamwingii?"

"Tuna neno, bwana mchungaji," mjane akasema.

"Na nani?"

"Na wewe. Umemwacha nje mtu ambaye amefanya yote. Jana usiku tumeulizana tena, tumeona kila mmoja wetu ana neno na wewe. Mwenye neno haingii. Ndiyo desturi."

Yule mwalimu akaropoka kutoka ndani, "Ninyi kina mama, mnamfundisha mchungaji?"

"Nyamaza, mwanangu," mwanamke mmoja akamjibu, "homa yako nani anaiuguza?"

Mchungaji akatazama ndani, akahesabu wazee saba na mwalimu mmoja. Akatazama nje. Alipiga hesabu, nilimwona, maana na mimi ni mtu wa hesabu. Kisha akaja kwangu moja kwa moja, uwanja mzima ukimtazama, akasema kwa sauti ya chini, "Rafiki, mke wako yupo hapa na chakula kipo. Kula, tumalize."

Mke wangu alikuwa amesimama. Jani lilikuwa mkononi mwake, sijui alilileta tangu nyumbani au vipi. Akaja mpaka mbele yangu, akalifungua, akanyoosha kiganja. Niliona yale makovu ya vidole vyake ya mavuno ya mwaka uliopita. Nyuma ya kanisa walikuwepo watu wa kivukoni, mpiga kafi wangu akiwa mbele, wamekuja kutazama.

Hakusema "bwana" safari hii. Alisema, "Baba wa marehemu mwanangu, kula."

Nikatazama pembeni.

Nilisikia sauti ya mjane: "Amekataliwa mara tatu, mbele ya mashahidi. Basi neno si la huyu mke tena. Ni la yule aliyekataa." Mchungaji akavuta pumzi, akasema, "Aingie." Mke wangu akalila lile tonge mwenyewe, akapangusa kiganja kwenye kaniki, akaingia wa kwanza, na arobaini wale wakamfuata. Nilibaki na watu wa kivukoni. Hakuna aliyenitania. Hilo lilikuwa baya zaidi.

Hakurudi nyumbani. Alihamia kwa mjane, akachukua kazi ile, na anayo mpaka leo. Mimi nilikuwa na ghala limejaa mpunga na boma linadai mchele, na mchele hutoka kwenye kinu, na kwenye kinu wanasimama wanawake. Nikaenda nyumba kwa nyumba. Hakuna aliyekataa. Huyu mchi wake umepasuka, huyu ana mtoto mgonjwa, huyu anasafiri Mang'ula. Shikamoo zote nilipata, hata mtwangaji mmoja sikupata.

Mwisho nikaenda kwa mjane. Mke wangu alikuwa uani anamwosha bibi mmoja vidonda.

"Waambie wanitwangie," nikasema.

"Sikuwaambia wasitwange."

"Wanakusikiliza wewe."

"Waulize mwenyewe. Una neno nao?"

Nikasema, kwa sauti ambayo sikuijua kuwa ni yangu, "Rudi nyumbani."

Aliendelea kuosha vidonda, akakamua kitambaa, akakitundika. "Alhamisi ipo kila mwaka," akasema. "Njoo ukae kama wengine, utaulizwa."

Mimi nikakae uani na wanawake, niulizwe na mke wangu? Sikwenda. Mwaka ule sikwenda, na iliyofuata sikwenda, halafu ikaja vita kubwa ya wazungu na Mjerumani akaondoka. Nimeoa mwingine. Anapika pombe. Watu hawavuki mto kwa ajili yake.

Mpunga nilivusha Lupiro kwa mitumbwi yangu mitatu, safari kumi na moja, nikawalipa watu wa kule kutwanga. Nilifika Mahenge mwezi mzima nimechelewa. Karani yule yule akanitoza faini, na kazi ya mchele akapewa mtu mwingine. Nikijumlisha ujira wa kutwanga, chakula cha watwangaji, wapagazi wa ziada na faini ya boma, kukataa kwangu kula kulinigharimu rupia za Mjerumani sitini na tatu na hela arobaini.